Wosia wa Hila, wa Shuruti na wa Kughushi

Mada iliyotolewa kwa wajumbe wa Haki na Amani na viongozi wa jumuiya ndogo ndogo, Arusha



Nimeombwa nizungumze nanyi juu ya wosia, na hasa juu ya ule wosia ambao sheria haiukubali kwa sababu ya namna ulivyopatikana. Naona hapa wapo waliotoka Usa River, Nkoaranga na Poli, wapo wa Ilboru na Moshono, na wapo wa hapa mjini. Sidhani kama kuna mmoja kati yetu ambaye hajapata kukaa matangani, siku ya tatu au ya nne, akamsikia mtu akikohoa kidogo na kusema kwamba marehemu aliacha karatasi. Mazungumzo hukatika. Wanawake waliokuwa jikoni husogea karibu na mlango. Karatasi husomwa, na tangu siku hiyo ndugu waliokula chungu kimoja hawasalimiani.

Katika mlima wetu karatasi hiyo ni ardhi. Watu wa Meru wanajua kupokonywa ardhi ni nini. Mwaka 1951 Serikali ya kikoloni iliwaondoa Wameru kwa nguvu katika eneo la Engare Nanyuki ili kuwapisha walowezi, na mwaka 1952 Kirilo Japhet alisafiri hadi Umoja wa Mataifa, New York, kuwasilisha malalamiko ya watu wake. Wazee wetu walisimama pamoja dhidi ya amri ya mgeni. Leo vihamba vya migomba na kahawa vimegawanywa kutoka kwa babu hadi kwa baba, kutoka kwa baba hadi kwa wana, mpaka vingine vimebaki upana wa nyumba na zizi. Kile ambacho mkoloni alikifanya kwa askari na malori, sisi tunafanyiana ndani ya boma moja kwa karatasi iliyochanwa kwenye daftari la shule.

Isaka na mwanawe

Kabla sijafika kwenye sheria, naomba mkumbuke habari ya Isaka katika kitabu cha Mwanzo, sura ya 27. Mzee amepofuka na anadhani kufa kwake kumekaribia. Anamtuma mwanawe mkubwa mawindoni ili akirudi apewe baraka, ambayo kwa desturi yao ilikuwa na uzito wa wosia. Mama anamtanguliza mwana mdogo, amemvika nguo za kaka yake na ngozi za mwana-mbuzi mikononi. Mzee anapapasa, anasita kwa sababu ya sauti, halafu anabariki.

Tazameni vizuri jambo lililotendeka. Hakuna aliyeghushi kitu. Hakuna aliyemshika mzee mkono kwa nguvu. Maneno yalikuwa yake na yalitoka kinywani mwake. Hata hivyo hayakuwa mapenzi yake, kwa kuwa alidanganywa juu ya mtu aliyesimama mbele yake. Hiyo ndiyo hila. Wahubiri wetu hupenda kupita upesi mahali hapo ili wafike kwenye ahadi ya Mungu kwa Yakobo, nami siwalaumu. Lakini mtu wa sheria hana budi kusimama kidogo. Isaka alipogundua, alitetemeka sana, na bado hakuona njia ya kuitangua baraka ile. Sheria ya nchi yetu ingempa Esau mlango wa kuingilia mahakamani.

Sheria inasemaje

Tanzania ina sheria zaidi ya moja ya mirathi. Ipo sheria ya mila, ambayo kwa makabila yanayofuata ukoo wa baba iliwekwa katika maandishi kwa Amri ya mwaka 1963. Ipo sheria ya Kiislamu, ambayo kwa wosia hairuhusu kuusia zaidi ya theluthi moja ya mali, wala kumwusia mrithi bila ridhaa ya warithi wenzake. Na ipo Sheria ya Urithi ya India ya mwaka 1865, iliyoletwa huku wakati wa utawala wa Waingereza na ambayo mahakama zetu zimeendelea kuitumia kwa wale ambao hawaangukii katika hizo mbili. Mkristo asidhani kwamba ubatizo wake peke yake unamwondoa katika sheria ya mila. Mahakama hutazama jinsi marehemu alivyoishi, na nia aliyoionyesha alipokuwa hai.

Kifungu cha 48 cha sheria hiyo ya 1865 ni kifupi. Kinasema kwa maana hii: wosia, au sehemu yoyote ya wosia, ukipatikana kwa hila, au kwa shuruti, au kwa ung'ang'anizi wa kiasi cha kumwondolea mtu uhuru wa kuamua, ni batili. Ukivuka mpaka pale Namanga utakuta karibu maneno hayo hayo katika kifungu cha 7 cha Sheria ya Urithi ya Kenya, iliyoanza kutumika mwaka 1981. Zingatieni maneno "sehemu yoyote". Yawezekana wosia ukawa wa kweli katika mambo tisa, na jambo la kumi likawa limepenyezwa kwa hila. Mahakama yaweza kuling'oa hilo moja na kuyaacha mengine yasimame.

Hila na shuruti hazihitaji maelezo marefu. Anayemwambia baba yake mgonjwa kwamba binti yake wa Dar es Salaam amekwisha kufa, ili jina lake lisitajwe, ametenda hila. Anayemwekea mzee karatasi na kumwambia ni fomu ya bima ya afya, kumbe ni wosia, ametenda hila. Anayesema "usipotia sahihi leo, dawa hupati" ametenda shuruti, hata kama hakuinua mkono.

Neno la tatu, ung'ang'anizi, ndilo nitakalokaa nalo, maana kwa maoni yangu ndilo linalotusumbua zaidi katika eneo letu na ndilo gumu zaidi kulithibitisha. Natoa mfano wa kubuni, ingawa mtaona kuwa si mgeni kwenu. Mama mjane wa huko juu mlimani anaugua. Mwanawe mwenye nyumba mjini anamleta kwake ili awe karibu na hospitali, jambo jema kabisa. Simu ya mama inabaki kwa mwana. Mabinti wakipiga wanaambiwa mama amelala. Wakija kumwona, mkwe yupo chumbani tangu wanapoingia hadi wanapotoka. Kila jioni, baada ya chakula, habari ni ile ile ya shamba la chini, lenye kahawa. Mama anasema nalifikiri hilo, mwanangu. Kesho yake tena. Mwezi wa pili analetwa mtu na karatasi iliyokwisha pigwa chapa, na mama anaweka dole gumba ili apate kulala.

Je, huo ni wosia wa mama? Hapa pana mstari mwembamba, nami ningekuwa nawadanganya kama ningesema ni rahisi kuuona. Sheria haimkatazi mtoto kumwomba mzazi wake. Haimkatazi kumkumbusha ada za shule alizolipia wadogo zake, wala kulia mbele yake. Mzazi anayeguswa na shukrani akamzidishia mtoto aliyemtunza ametumia uhuru wake, hata kama wengine wataumia. Mahakama za Uingereza zilieleza tangu karne ya 19, na hasa katika kesi ya Wingrove ya mwaka 1885, kwamba ushawishi unakuwa batili pale unapofikia shuruti, yaani pale mtu anapofanya jambo ambalo moyoni hakulitaka. Lakini zilieleza pia kwamba kiasi cha shuruti hupimwa kwa hali ya anayeshurutishwa. Mtu aliye dhaifu kitandani anaweza kushindwa na maneno tu, kwa kuwa anatafuta amani. Kwa hiyo mwenye kupinga wosia asihangaike kutafuta fimbo. Atafute mazingira. Nani aliyemzuia mgonjwa kuonana na wengine? Nani aliyemleta mwandishi? Nani aliyekuwa chumbani? Aliyeandika ndiye anayefaidika? Swali hilo la mwisho lina nguvu ya pekee: pale anayeandaa wosia anapokuwa ndiye mfaidika mkubwa, mahakama huutazama kwa jicho la shaka, na humtaka yeye aondoe shaka hiyo.

Kughushi

Watu wengi katika jumuiya zetu huona wosia wa kughushi kuwa jambo la aibu ya ukoo, la kumalizwa na wazee kwa mbuzi na pombe. Naomba tuelewane. Kanuni ya Adhabu, katika kifungu cha 336, inasema anayeghushi wosia anaweza kufungwa kifungo cha maisha. Kifungu hicho hicho kinataja pia hati za kumiliki ardhi. Na anayeutumia wosia huo akijua ni wa kughushi naye ana kosa lake, hata kama hakushika kalamu. Mshili au laigwanani anaweza kuwapatanisha ndugu, na ni vema afanye hivyo. Hawezi kuifanya karatasi ya uongo kuwa ya kweli.

Kughushi si kuiga sahihi peke yake. Ukurasa wa katikati ukibadilishwa na ule wa mwisho wenye sahihi ukaachwa, huko ni kughushi. Kuongeza mstari baada ya marehemu kutia sahihi ni kughushi. Kujaza maneno ya wosia kwenye karatasi tupu ambayo mzee aliitia sahihi kwa kazi nyingine ni kughushi. Nalo dole gumba, ambalo tumelizoea kwa wazee wasiojua kusoma, lina hatari yake. Alama ya dole ikichunguzwa na wataalamu inaweza kuthibitisha kwamba dole ni la marehemu. Haithibitishi kwamba akili yake ilikuwepo, wala kwamba alisomewa kilichoandikwa. Nimesikia minong'ono ya alama zilizochukuliwa baada ya mtu kukata roho. Sina ushahidi wake, lakini minong'ono hiyo ndiyo sababu mashahidi wanatakiwa.

Aghalabu anayeugundua wosia wa kughushi si mtaalamu bali ni mtu aliyemjua marehemu. Huko Uingereza mwaka 1998 daktari Harold Shipman alitengeneza wosia wa mgonjwa wake, mama mzee, ukimpa yeye mali zote. Binti wa marehemu alikuwa mwanasheria. Alipouona tu alishangaa: mama yake, mtu makini, hangeweza kuandika karatasi iliyopigwa chapa ovyo namna ile, wala kuisahau familia yake. Polisi wakaikuta mashine ya chapa kwa daktari. Kutoka kwenye karatasi hiyo moja ukafichuka mlolongo wa mauaji ya wagonjwa wengi, na mwaka 2000 akahukumiwa kifungo cha maisha. Na kwetu Sheria ya Ushahidi ya mwaka 1967 inakubali maoni ya mtaalamu wa maandishi, na inakubali pia maelezo ya mtu aliyeuzoea mwandiko wa marehemu: karani aliyefanya naye kazi, mhazini wa chama cha ushirika, mtoto aliyepokea barua zake. Kwa hiyo tunzeni barua za wazee.

Lakini tahadhari. Anayedai hila au kughushi ana mzigo mzito kuliko wa madai ya kawaida. Tangu kesi ya Ratilal Patel dhidi ya Lalji Makanji, iliyoamuliwa na Mahakama ya Rufani ya Afrika ya Mashariki mwaka 1957, imekuwa kanuni kwamba madai hayo lazima yathibitishwe zaidi ya kule kuelemea kwa mizani, ingawa si kwa kiwango cha kesi ya jinai. Hasira ya matangani haitoshi.

Uzio wa mashahidi

Ni kwa sababu ya ugumu huo sheria imejenga uzio kuuzunguka wosia, ili mwizi azuiwe kabla hajaingia. Amri ya mwaka 1963 inataka wosia wa mdomo ushuhudiwe na watu wasiopungua wanne, wawili wa ukoo na wawili watu baki. Wosia wa maandishi wa mtu anayejua kusoma na kuandika unahitaji mashahidi wasiopungua wawili, mmoja wa ukoo na mmoja mtu baki. Wa asiyejua kusoma unahitaji wanne, wawili kwa wawili. Mashahidi wawe wanajua kusoma na kuandika, na wawepo wote kwa wakati mmoja. Wosia uwe na tarehe, na uandikwe kwa wino, si kwa kalamu ya risasi. Na kama mwenye kuusia anamnyima mrithi wake, hana budi kueleza sababu, na anayenyimwa apewe nafasi ya kujitetea. Wale waliotunga kanuni hizi hawakuwa wajinga. Ndugu peke yao wanaweza kula njama. Watu baki peke yao wanaweza kununuliwa. Kuwakusanya wote chumba kimoja ni kazi ngumu kwa mwongo.

Chini ya sheria ya 1865 mashahidi ni wawili au zaidi, na shahidi aliyeachiwa kitu ndani ya wosia, au ambaye mwenzi wake ameachiwa, hukipoteza kitu hicho, ingawa wosia wenyewe haufi.

Uzito wa uzio huu ulionekana wazi tarehe 18 Mei 2021. Mahakama Kuu, Dar es Salaam, mbele ya Jaji Yose Mlyambina, iliukataa wosia uliodaiwa kuwa wa Dk. Reginald Mengi, mfanyabiashara mashuhuri wa Machame, jirani zetu wa Kilimanjaro, aliyefariki mwaka 2019. Miongoni mwa sababu zilizotolewa ni kwamba hapakuwa na shahidi wa ukoo, kwamba watoto wa ndoa ya kwanza walinyimwa pasipo sababu kuelezwa, na kwamba afya ya akili ya marehemu baada ya kiharusi ilitia shaka. Sitaji kesi hii ili kumnyooshea mtu kidole. Naitaja kwa sababu wengi hudhani mambo ya mashahidi wa ukoo ni ya watu wa vihambani tu. Mtu aliyeweza kuajiri mawakili wowote nchini, wosia wake ulipimwa kwa vipimo hivi hivi.

Hapa niongeze neno kwa ajili ya mabinti zetu. Wosia wa kweli umewahi kuwaokoa. Kule Kagera, Holaria Pastory aliachiwa shamba la ukoo na baba yake kwa wosia halali. Alipozeeka akaliuza kwa shilingi 300,000, na mpwa wake akamshitaki kwa kuwa mila haikumruhusu mwanamke kuuza. Mwaka 1990 Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu, Mwanza, aliamua kwamba mila hiyo ya ubaguzi haiwezi kusimama mbele ya Katiba. Ndiyo maana anayeficha au kuchoma wosia unaompa binti shamba ametenda jinai sawa na yule anayetunga wa uongo, na familia nyingi hazilioni hilo kabisa. Wazee wanaohofia jambo hili wanaweza kuukabidhi wosia wao RITA, yaani Wakala wa Usajili, Ufilisi na Udhamini, ukahifadhiwa huko.

Afanyeje anayepinga

Kwanza asiichane karatasi. Nimeona watu wakiichana kwa uchungu, na kwa kufanya hivyo wakauharibu ushahidi wao wenyewe. Nakala halisi ndiyo inayochunguzwa. Aombe mahakama iamuru iletwe.

Pili, aende mapema. Kama shauri lipo Mahakama Kuu, mwenye maslahi anaweza kuweka kizuizi chini ya Sheria ya Mirathi na Usimamizi, Sura ya 352, nacho hudumu miezi minne na huweza kuwekwa upya. Katika mahakama ya mwanzo, iwe Maromboso au Enaboishu au Poli, pingamizi hutolewa mbele ya hakimu pale tangazo la kuomba usimamizi linapobandikwa. Tatizo ni kwamba tangazo hubandikwa mahali ambapo mjane wa kule juu hapiti. Ninyi mnapita. Lisomeni.

Hata usimamizi ukiisha kutolewa, haijawa mwisho. Kifungu cha 49 cha sheria hiyo, na kwa mahakama za mwanzo Kanuni za mwaka 1971, vinaruhusu kuutengua kama ulipatikana kwa hila au kwa kuificha mahakama jambo la maana. Lakini shamba likiisha kuuzwa kwa mtu wa tatu, naye akajenga ukuta na kuweka geti, njia inakuwa ndefu sana.

Jihadharini pia na muhtasari wa kikao cha ukoo, ambao mahakama zetu zimezoea kuuomba. Daftari la mahudhurio huzungushwa, kila mtu hutia sahihi akidhani anaonyesha kwamba alikuwepo, kisha orodha hiyo hushonwa pamoja na maamuzi ambayo kikao hakikuyafanya. Sahihi yako iandikwe chini ya maneno uliyoyasoma. Kama hapana maneno, usiandike.

Mkiitwa kwa mgonjwa

Ninyi, makatekista na viongozi wa jumuiya, ndio watu baki wanaoitwa mara nyingi, kwa sababu watu wanawaamini na mnajua kusoma. Mnaitwa kwenda kusali, na baada ya sala karatasi inatolewa mfukoni. Mnayo haki ya kuomba kila anayefaidika atoke chumbani. Mwulizeni mgonjwa ni siku gani leo, ana watoto wangapi na majina yao, na mali yake i wapi. Asomewe karatasi yote kwa lugha anayoielewa, Kimeru au Kimaasai kama Kiswahili kinampiga chenga, halafu aseme mwenyewe kilichomo. Akikosea, au akimtazama mtu mlangoni kabla ya kujibu, msitie sahihi. Watawaambia mnamnyima mgonjwa amani. Ondokeni kwa upole.

Kabla ya kikao hiki mmoja wenu aliniuliza faraghani: shahidi aliyekwisha tia sahihi nyumbani kwake, kwenye karatasi aliyoletewa na mtoto wa marehemu, bila kumwona marehemu akitia yake, afanye nini sasa? Aende mahakamani kabla usimamizi haujatolewa, aseme hivyo hivyo kama alivyoniambia mimi: sahihi ni yangu, mzee sikumwona.